Japani, Ujerumani, Taiwan, Korea au China: mashine yako ya CNC itoke wapi?

Mwenye karakana anayenunua mashine ya CNC (ya kuchonga metali, inayoongozwa na kompyuta) leo ana machaguo mengi kuliko aliyenunua miaka 20 iliyopita, na wingi huo ndio unaomkwamisha. Zamani ngazi ilieleweka: juu kabisa Ujerumani, Uswisi na Japani, katikati Taiwan na Korea Kusini, chini China. Ngazi hiyo haipo tena kwa sura ile. Japani iliongoza dunia kwa utengenezaji wa mashine za kuchonga metali kwa miaka 27 mfululizo tangu 1982. Mwaka 2009 ikapitwa na China, ambayo hadi sasa ndiyo inayotengeneza nyingi zaidi na ndiyo inayonunua nyingi zaidi.

Hata uraia wa mashine umechanganyika. Mazak ni kampuni ya Kijapani, lakini ina kiwanda Kentucky tangu 1974, kingine Worcester, Uingereza, tangu 1987, na kingine Yinchuan, China. DMG Mori imetokana na kuungana kwa Gildemeister, iliyoanza Bielefeld, Ujerumani, mwaka 1870, na Mori Seiki ya Japani, iliyoanza 1948. Mashine iliyoundwa Taichung, Taiwan, inaweza kubeba kontrola (kompyuta inayoiongoza mashine) ya Kijapani, vipima mwendo vya Kijerumani, na reli na skurubu za gololi (zinazosogeza sehemu za mashine) za Hiwin, ambayo ni kampuni ya hapo hapo Taichung. Kwa hiyo nikisema "ya Kijapani" au "ya Kichina" katika makala haya, namaanisha kule ulikotoka usanifu, kontrola na mtandao wa huduma. Kibandiko cha mahali ilipofungwa boliti ya mwisho ni jambo jingine.

Vigezo kwanza

Kabla ya kufungua katalogi ya mtu, andika majibu ya mambo matano. Kwanza, toleransi (kosa la kipimo linaloruhusiwa) ngumu zaidi utakayotakiwa kuishika, na saa ngapi kwa siku. Pili, kontrola ambayo mafundi wako wanaijua au wanaweza kujifunza. Tatu, nani atakuja mashine ikisimama, na kipuri kitasafiri siku ngapi. Nne, kama unaruhusiwa kuuziwa, kuhamisha na kuiuza tena mashine hiyo. Tano, kama kampuni itakuwepo miaka 15 ijayo, maana mashine nzuri ya aina hii hufanya kazi muda mrefu kuliko huo.

Bei sikuiweka kama kigezo cha peke yake, kwa sababu hubadilika pamoja na sarafu. Yeni iliposhuka kuanzia 2022, mashine za Kijapani zilizisogelea bei za Taiwan kiasi cha kuwatia wasiwasi watengenezaji wa Taichung. Anayetegemea nukuu ya bei ya miaka mitatu iliyopita anajidanganya.

Usahihi, na usahihi unaodumu

Hapa ndipo wanunuzi wengi hupotoshwa na karatasi, kwa hiyo nitakaa zaidi.

Katalogi mbili zinaweza kuandika namba tofauti kwa mashine zenye uwezo uleule, kwa sababu zimepimwa kwa kanuni tofauti. Kipimo cha JIS, kanuni ya viwango ya Japani, hasa cha mtindo wa zamani, huhesabu kwa njia inayotoa namba ndogo kuliko kanuni ya kimataifa ya ISO 230-2 au ile ya Kijerumani ya VDI. Namba ndogo si uongo, ila huwezi kuiweka kando ya namba ya ISO ukasema umelinganisha. Mwombe kila muuzaji matokeo ya ISO 230-2 kwa mashine yenye namba ya usajili utakayoinunua wewe, pamoja na jaribio la duara la ISO 230-4 (mashine huendeshwa kwa duara na kupimwa inavyopotoka). Muuzaji anayekataa amekujibu.

Jambo la pili ni joto. Chuma cha kusubu hutanuka takriban mikroni 11 (mikroni ni sehemu ya elfu ya milimita) kwa kila mita kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi. Kipande cha milimita 500 kikipanda joto kwa nyuzi 5 kitarefuka karibu mikroni 27, na mwili wa mashine nao hutanuka kwa kanuni hiyohiyo. Mashine yenye mikroni 3 kwenye karatasi inaweza kukuachia makosa ya mikroni 30 mchana, bila kosa lolote la fundi.

Wajapani wamelifanyia kazi tatizo hili kwa bidii ya miongo. Okuma, kampuni ya tangu 1898, husanifu miili inayotanuka kwa mpangilio unaotabirika, kisha kontrola yake yenyewe hufidia mabadiliko hayo. Makino inaheshimiwa sana katika uchongaji wa moldi (vyombo vya kuundia bidhaa za plastiki au metali). Wajerumani na Waswisi hupita njia nyingine: vipima mwendo vya kioo kwenye kila mhimili (kila uelekeo ambao mashine husogea), upoozaji wa spindeli (sehemu inayozungusha kisu) na hata wa skurubu, na vitako vya mchanganyiko wa mawe na resini kama vile vya kampuni ya Hermle, ambavyo hunyonya mtetemo na havishtuki haraka joto linapobadilika. Kwa mihimili 5 inayokwenda kwa pamoja, kwenye vipande vya ndege, tabaini au viungo bandia, kundi hili bado ndilo wengine wanalojipima nalo.

Taiwan na Korea zinatengeneza mashine za mihimili 3 ambazo mnunuzi makini hawezi kuzidharau. Nyingi hushika mikroni 10 kazi baada ya kazi, na hiyo inatosha sehemu kubwa ya kazi za karakana duniani. Wakorea wana sifa ya mashine nzito za kukereza zenye njia pana za kuteleza badala ya reli za gololi. Hizo hukata kwa nguvu na hunyamazisha mtetemo, ingawa mwendo wake ni wa polepole. Ukikata chuma kigumu kwa kina, hutajutia uzito huo.

China inahitaji msomaji atofautishe. Kuna viwanda vikubwa vya kisasa, kama Haitian Precision ya Ningbo, vinavyofanya kazi kwa nidhamu. Kuna pia vidogo vingi vinavyonunua chuma cha kusubu ambacho hakijatulizwa vya kutosha. Chuma cha namna hiyo huendelea kujikunja polepole baada ya mashine kufungwa, na mashine iliyofaulu majaribio kiwandani huanza kupotoka mwaka wa pili. Kwa hiyo tofauti kati ya mashine mbili za China inaweza kuwa kubwa kuliko tofauti kati ya nzuri ya China na nzuri ya Taiwan. Ukienda huko, unachagua kiwanda kimoja kimoja.

Kontrola na vishikio

Fanuc, kampuni ya Kijapani ya kontrola, ilianzia ndani ya Fujitsu mwaka 1956 na kusimama peke yake 1972, na kontrola zake zimeenea kiasi kwamba fundi aliyefunzwa karibu popote amewahi kuzigusa. Mashine nyingi za Taiwan na Korea, na za China zinazouzwa nje, huja na Fanuc, Mitsubishi au Siemens. Hilo ni jambo la kushukuru: kontrola iliyozoeleka huifanya mashine isiyo na jina kubwa iwe rahisi kuitumia, kuitengeneza na hata kuiuza.

Japani kwenyewe kuna mgawanyiko. Okuma inatumia kontrola yake ya OSP tangu 1963, na Mazak imekuwa na Mazatrol tangu 1981, ambayo humwezesha opereta kuandaa kazi kwa kujibu maswali kwenye skrini badala ya kuandika mistari ya misimbo. Karakana yenye kazi ndogondogo zinazobadilika kila siku hufaidika sana na mfumo wa namna hiyo. Ubaya wake ni kwamba umefungwa kwenye mlango mmoja wa huduma: kontrola ikiharibika, hakuna wa kumwita ila wenyewe.

Ujerumani unakutana na Siemens au Heidenhain. Heidenhain ni tamu kwa anayechonga moldi na nyuso zenye mikunjo, na waliozoea hawataki kingine. Kumpata fundi anayeijua nje ya Ulaya ni kazi zaidi kuliko kumpata wa Fanuc. Kwa China angalia pia GSK ya Guangzhou na Huazhong ya Wuhan. Kwa mihimili 2 au 3 zinafanya kazi, na lugha yake inafanana vya kutosha na ya Fanuc. Kwenye mihimili 5 ya hali ya juu, viwanda vingi vya China vyenyewe bado huagiza kontrola ya kigeni, na hilo ni ushahidi mzito kuliko maneno ya tangazo.

Vishikio vya visu husahauliwa hadi ankara ifike. Asia hutumia zaidi BT, Ulaya SK na HSK, Marekani CAT. BT40 na SK40 zina mteremko uleule wa koni, lakini shingo zake hazifanani, kwa hiyo kibadilisha visu cha moja hakitashika za nyingine. HSK hugusa kwa koni na kwa uso pia, ni bora kwa mwendo wa kasi, na vishikio vyake vina gharama yake. Kama una kabati zima la BT, kuhamia mashine ya Kijerumani kunamaanisha kununua kabati la pili.

Fundi na vipuri

Japani ina nidhamu ya vipuri ambayo sijaona kundi jingine likiifikia: kampuni kubwa huhudumia mashine za miongo kadhaa iliyopita. Ujerumani pia huhudumia kwa muda mrefu na kwa umakini, ila mashine zake zina vifaa vingi vya pekee, na fundi wa nje asiye na mafunzo ya kiwanda hataweza kufungua kichwa cha mihimili 5 akakirudisha sawa.

Taiwan na Korea zina faida ambayo haiandikwi kwenye katalogi: sehemu nyingi ni za kawaida. Beringi, reli, skurubu ya gololi, mota na kontrola vinaweza kununuliwa kwa jina na namba kutoka kwa mtengenezaji wa sehemu hiyo, bila kupitia aliyeunda mashine. China nayo hufuata njia hiyo mara nyingi, na vipuri vyake ni vya bei ya chini. Kinachokosekana ni nyaraka. Dai mchoro wa umeme wa mashine yako, orodha ya vigezo vya kontrola na orodha ya beringi zote kwa namba, kwa lugha unayoisoma, kabla ya malipo ya mwisho. Ukishalipa yote, hutazipata.

Ruhusa ya kuuziwa na kuhamisha

Wasiowahi kukutana na kigezo hiki hukiona cha wanasiasa, hadi kiwasimamishie mkataba. Katika miaka ya 1980 Toshiba Machine iliuzia Umoja wa Kisovieti mashine kubwa za mihimili mingi za kuchonga rafadha za nyambizi. Habari ilipofichuka mwaka 1987, mwenyekiti na rais wa kampuni mama ya Toshiba walijiuzulu. Leo nchi zilizo katika Mkataba wa Wassenaar wa 1996, zikiwemo Japani, Ujerumani, Marekani na Korea Kusini, hudhibiti mauzo ya mashine za mihimili 5 na nyingine zenye usahihi mkubwa. Taiwan si mwanachama lakini ina udhibiti wake, na China ina sheria yake ya kudhibiti mauzo ya nje iliyoanza Desemba 2020.

Athari yake ni hii: mashine nyingi za Kijapani zina kifaa kinachotambua zikihamishwa, na hujifunga hadi mtengenezaji aje kuzifungua. Hata kuisogeza ndani ya jengo lako kunaweza kuamsha kifaa hicho. Anayenunua mashine iliyotumika bila kuuliza swali hili anaweza kubaki na tani kadhaa za chuma zisizowaka.

Uhai wa kampuni

Biashara hii hupanda na kushuka kwa ukali. Oda za Japani zilikuwa zaidi ya yeni trilioni 1.5 mwaka 2007. Mwaka 2009 zilikuwa kidogo tu juu ya bilioni 400. Mwaka 2018 zikavunja rekodi kwa zaidi ya trilioni 1.8. Kampuni inayovuka mawimbi kama hayo ina akiba au ina mwenye mfuko mzito nyuma yake.

Japani inaunganika: Nidec imechukua kitengo cha mashine cha Mitsubishi Heavy Industries mwaka 2021, OKK 2022 na Takisawa 2023. Ujerumani inabanwa na mabadiliko ya magari, kwa sababu gari la umeme halina injini yenye vipande vingi vya kuchonga, na viwanda vilivyoishi kwa kuuza mistari mizima ya kuchongea injini vimejikuta vikitafuta wateja wapya. Korea, kampuni iliyokuwa Daewoo kisha Doosan leo inaitwa DN Solutions baada ya kununuliwa 2022. Mmiliki amebadilika, mashine zimeendelea kuhudumiwa. Taiwan ni kundi la kampuni ndogo na za kati zilizokusanyika kuzunguka Taichung. Moja ikianguka majirani zake bado wana sehemu zilezile.

China imetoa somo kubwa zaidi. Shenyang Machine Tool iliwahi kutajwa kuwa kubwa kuliko zote duniani kwa mauzo, na mwaka 2019 ikaingia kwenye ufilisi na kupangwa upya chini ya kampuni ya serikali, China General Technology Group, ambayo pia ilichukua kampuni ya mashine ya Dalian. Ukubwa haukuwakinga wateja na hofu. Hata hivyo mpango wa Made in China 2025, uliotangazwa 2015, uliweka mashine za CNC za hali ya juu kati ya sekta zake 10, na nguvu ya serikali bado iko nyuma ya sekta hii. Sekta haitatoweka. Kampuni moja moja inaweza.

Njia mbili zilizo pembeni

Haas ya California, iliyoanzishwa na Gene Haas mwaka 1983, haiingii vizuri katika makundi haya. Inatengeneza kontrola yake, huweka bei hadharani, na kufundisha kwa uwazi kiasi kwamba vyuo vingi huianzia. Kwa anayejifunza na kwa kazi za jumla ni chaguo la heshima. Kwa ukataji mzito wa zamu tatu, linganisha uzito wa mwili wake na wa wengine kabla ya kuamua.

Iliyotumika ni njia ya pili, na ya Kijapani iliyotunzwa mara nyingi hushinda mpya ya daraja la chini. Lakini ione ikikata. Fanya jaribio la duara, pasha spindeli kwa nusu saa kisha sikiliza na pima joto la beringi, na hakikisha umepewa nakala ya vigezo vyote vya kontrola. Kwenye mashine nyingi za zamani vigezo hivyo hushikiliwa na betri ndogo. Betri ikifa wakati mashine imelala ghalani, mashine husahau yenyewe ni nani.

Kwa hali yako

Unachonga moldi, viungo bandia au vipande vya ndege, na chumba chako kina joto lililodhibitiwa: ya Kijerumani, ya Kiswisi au ya daraja la juu la Kijapani itajilipa. Bila chumba hicho utakuwa unalipia usahihi ambao hautauona.

Unazalisha vipande vilevile zamu baada ya zamu, na saa moja ya kusimama inakuumiza: Japani, au Korea kwa ukerezaji mzito. Nenda kwa ile yenye fundi wa karibu zaidi, hata kama ni chaguo lako la pili kwa namba.

Karakana yako ni ya kazi za kila aina, toleransi ni mikroni 10 na kuendelea, na mafundi wanajua Fanuc: anzia Taiwan na Korea, kisha uliza bei ya Kijapani kwa sarafu ya siku hiyo.

Mtaji ni mdogo, kazi ni mabano, flanji na vipuri vya mitambo vyenye toleransi pana, na una mtu mwenye akili ya umeme ndani ya karakana: China inaweza kukutosha kabisa, kwa sharti kwamba umekichunguza kiwanda, umechagua kontrola inayojulikana na umezipata nyaraka.

Ni chuo, au unaanza bila opereta mwenye uzoefu: Haas, au yoyote yenye kontrola ambayo waajiri wa wanafunzi wako wanaitumia.

Na kama umebaki na mbili usizoweza kuzitenganisha, peleka mchoro wa kipande chako kigumu kwa wauzaji wote wawili. Waombe waianze mashine asubuhi ikiwa baridi na wachonge vipande 30 mfululizo bila kurekebisha kitu, kisha pima mwenyewe cha kwanza, cha 10 na cha 30.